Mashahidi wa Kengele

Asubuhi niliyompelekea Mkuu majibu ya uchunguzi wangu, Noemí Archuleta alikuwa ndani ya Chumba cha Giza kwa siku ya tatu, na theluji ilikuwa imefunika madirisha ya chini ya ofisi.

Mkuu wetu, Winfield Strand, alinipokea akiwa amesimama. Ni mtu mrefu, mwenye sauti ya upole, aliyefundisha fizikia chuo kikuu kabla ya kuanzisha Akademia ya Kizingiti hapa chini ya milima, upande wa mashariki wa bonde la San Luis. Watu wa sehemu hii ya Colorado wamezoea shule kama yetu. Ukienda dukani utakutana na mtawa, mnajimu na mtu anayedai kuzungumza na mawe, wote wakinunua betri. Sisi tulijiona tofauti kwa sababu tulikuwa na kanuni ya ushahidi. Jambo likishuhudiwa na watu watatu, kila mmoja peke yake, bila kushauriana, linahesabiwa kuwa lipo.

Tangu Novemba watu watatu walikuwa wameketi Gizani, peke yao ndani ya chumba kile kisicho na mwanga, mmoja baada ya mwingine, na wote walitoka wakisimulia yaleyale. Kwanza kichwa kilibanwa, kama mtu aliyevaa kofia ya mtoto. Kisha kengele ililia, mbali, bila kukoma. Kisha mtu alisimama nyuma yao. Strand alinipa kazi ya kuchunguza kama walipeana maneno, kwa kuwa mimi ndiye nifundishaye mantiki. Wanafunzi huniita Mwalimu Kessel nikiwapo, na Mwalimu Hapana nikigeuka.

"Hawakushauriana," nilimwambia. "Wa kwanza alikuwa amesharudi Ohio wa pili alipoingia. Wa tatu hajawahi kuonana na yeyote kati yao. Nimewahoji kila mmoja mara mbili."

"Kwa hiyo ushahidi ni safi."

"Mashahidi ni safi."

"Leonie, miaka yote hii sijakusikia ukisema kitu ni safi." Alikuwa anacheka. "Noemí akitoka na yeye ameisikia Kengele, tunatangaza kuwa ipo. Wanne! Nani atatubishia?"

"Sijamaliza, Mkuu. Kama hawakushauriana, basi kuna kitu kimoja kilichowafikia wote. Kinaweza kuwa Kengele yenyewe tunayoisubiri. Kinaweza pia kuwa chumba. Walioketi kabla ya Novemba hawakusikia lolote, nimewapigia simu. Novemba kulibadilika nini?"

Alifikiri. Ni lazima nimtendee haki: alifikiri kweli.

"Hakuna kikubwa. Tulitoa jiko la kuni, tukaweka hita ya gesi. Jiko lilikuwa linaonyesha makaa. Huwezi kusema una giza wakati makaa yanakukodolea macho."

Nilimwuliza kama Noemí alikuwa anakula.

"Bakuli la jana jioni limerudi halijaguswa. Na la leo asubuhi hivyohivyo." Alisema kwa furaha ya mzazi. "Mwili umeanza kuachia."

Moto wa gesi ukikosa hewa ya kutosha hutoa kaboni monoksaidi. Haina rangi, haina harufu. Huingia katika damu na kukalia nafasi ya oksijeni. Kichwa hubana, masikio hulia, mtu huhisi vitu ambavyo havipo, tumbo hukataa chakula, kisha usingizi humchukua, na katika usingizi huo hufa. Mambo haya yameandikwa kwenye karatasi inayokuja ndani ya kila boksi la hita. Nilimweleza Strand kwa maneno hayohayo, kisha nikasema, "Tukafungue mlango."

"Unajua hilo haliwezekani."

Nilijua. Mlango wa Chumba cha Giza una komeo kwa nje, na mlinzi hulitoa pale tu aliyeketi anapogonga mara tatu. Ukifunguliwa kabla hajagonga, kuketi kwake kumebatilika na hataketi tena maisha yake yote. Noemí aliisubiri zamu hiyo miaka saba. Alikuja kwetu akiwa msichana wa miaka kumi na tisa kutoka mji wa upande wa pili wa bonde, baada ya kumzika baba yake, na hakutaka kitu kingine chochote kutoka kwetu. Asubuhi ya kuingia alinivuta mkono wa sweta.

"Mwalimu, hapa ni wewe peke yako unayeweza kufungua ule mlango kabla ya wakati. Wengine hawana ubavu. Niahidi hutafungua."

"Kwa nini nifungue?"

"Si ndiyo hapo. Niahidi tu."

Nilimwahidi.

Nilipitia nyumbani kwangu, ng'ambo ya uwanja, nikapanda juu ya kiti na kukizungusha kile king'ora kidogo cha gesi kilichokuwa darini hadi kikatoka mkononi mwangu. Ni kifaa cheupe, cha ukubwa wa sahani ya kikombe. Strand alinisubiri nje, theluji ikimfika magotini, na akakitazama kama mtu anayeona nimebeba samaki kanisani.

"Kifaa hakishuhudii," alisema.

"Hakitashuhudia. Kitapiga kelele tu."

Mbele ya Chumba cha Giza pana sebule ndogo yenye benchi, taa na dirisha moja, na hapo ndipo anapokaa mlinzi wa mlango, Desmond Pruitt. Ana miaka sitini na ushee. Alikuwa fundi wa paa huko Kansas kabla ya kutujia. Alikuwa anakula chapati iliyokunjwa na maharage na pilipili za kijani, amefungua katalogi ya mbegu juu ya goti.

"Ahaa, Mwalimu Hapana! Umekuja kunipinga au kuninywea kahawa?"

"Mzee Pruitt, tundu la hewa la hiki chumba liko wapi?"

"Lile la chini? Nililiziba." Alijifuta mdomo. "Yule wa Ohio alikuja kukitazama kabla hajaketi, akalalamika eti kuna uzi wa mwanga. Uzi! Nikasema haya, bwana mkubwa, nitakutolea uzi wako. Nikalipiga povu la kuzibia, nikapaka rangi nyeusi. Mlango nao nikauvalisha sufu pembeni kote. Mle ndani sasa hata panya haoni mkia wake."

"Uliziba lini?"

"Siku tuliyoweka hita. Kazi moja, siku moja."

"Na bomba la juu linalotoa moshi wa hita?"

"Lile lina kofia yake, halina shida." Akainuka, akaenda dirishani, akakunja shingo kutazama paa. Alikaa hapo zaidi ya nilivyotarajia. "Leo kofia siioni. Ni theluji tupu."

Strand alisema, "Desmond, kaa chini. Noemí yuko salama. Mwalimu ana wasiwasi, na wasiwasi ni kazi tunayomlipa aifanye."

Katika ukuta kuna kasha la mbao la duara, lenye mdomo mmoja, linalozunguka juu ya mhimili. Mlinzi huweka bakuli, hulizungusha, na bakuli huingia ndani bila mwanga kupita. Kabla Strand hajanizuia nilikiweka king'ora ndani ya kasha na kulizungusha.

Tulisubiri. Pruitt aliacha kutafuna. Sikusikia kitu ila hita, ambayo ilinguruma nyuma ya ukuta kama paka aliyeshiba. Katika baridi ile ilikuwa imewashwa hadi mwisho.

Kisha king'ora kikalia. Mara nne, kwa haraka. Kimya. Mara nne.

"Betri imekwisha," alisema Strand.

"Betri ikiisha hulia mara moja, kisha dakika nzima kimya. Nne ni gesi."

"Unajua ulichokifanya?" Sauti yake ilikuwa imepoteza upole. "Umemwingizia kengele mtu anayesubiri kengele! Miezi minne ya ushahidi safi, umeutia tope kwa sekunde moja. Sasa akisema ameisikia, nitajuaje kasikia nini?"

Ni hapo nilipoelewa nilichokuwa nimefanya, na si alichokuwa anakisema yeye: Noemí angedhani hiyo ndiyo Kengele, na asingegonga. Nilipiga ukuta kwa kiganja.

"Noemí! Mimi ni Kessel. Gonga mlango! Noemí, gonga!"

Nne. Kimya. Nne. Kisha sauti yake, karibu sana na kasha, nzito, kama ya mtu anayezungumza shavu likiwa sakafuni.

"Naisikia," alisema. "Naisikia."

"Hiyo si Kengele! Ni king'ora cha gesi! Gonga!"

"Naisikia," alisema tena, na alikuwa anacheka kidogo. Hakugonga.

Strand alifumba macho. Nilimwona usoni, na sitaki kumsingizia: hakuwa na ukatili. Alikuwa na uso wa mtu aliyeambiwa kwamba maisha yake hayakupotea bure. Akasogea mlangoni na kuweka kiganja juu ya komeo.

"Hajagonga," alisema. "Ana sauti, ana akili, ametujibu. Hajagonga. Tukifungua tunamwibia. Wewe mwenyewe ulimwahidi, Leonie, aliniambia."

"Nilimwahidi."

"Basi?"

"Basi nitakuwa mwongo. Toka mlangoni."

Hakutoka. Mimi ni mwanamke mfupi wa miaka hamsini na minane na nyonga mbovu, nisingeweza kumsogeza. Nilimgeukia Pruitt, ambaye alikuwa bado amesimama dirishani na chapati yake.

"Mzee Pruitt, kichwa kinakuuma?"

"Aa, kidogo."

"Kinakuumaje?"

Alimtazama Mkuu kwanza. Aliona haya, kama mtu aliyekutwa akijipima joho la mwenzake. "Kinabana. Pande zote. Tangu juzi. Sikutaka kusema, maana mimi sijawahi kuketi, mimi ni mlinzi tu. Lakini nilifikiri... labda hata huku nje inamfikia mtu."

"Kama kofia ya mtoto?"

"Nani amekwambia?"

"Na masikio?"

"Yanalia. Kwa mbali." Akatabasamu bila kutaka. "Kwa hiyo na mimi?"

"Uko kwenye taa," nilisema. "Macho wazi, unasoma mbegu za nyanya, unakula maharage. Hukufunga, hukuketi, hukutafuta kitu. Unakaa tu karibu na ukuta huo. Ukitoka nje kuondoa theluji kichwa kinakuwaje?"

Ndani, king'ora kililia mara nne.

"Kinaachia," alisema taratibu. "Kila mara. Nikirudi, kinarudi. Nilidhani ni kwa sababu natoka kwenye utakatifu."

Pruitt alitazama ukuta, akatazama dirisha, na nikamwona akipita njia ileile niliyopita mimi asubuhi, ila yeye aliipita kama fundi: tundu la chini, povu, sufu, kofia ya bomba, theluji. Akaiweka chapati juu ya katalogi.

"Mkuu, toa mkono."

"Desmond, ukifungua mlango huu huna kazi tena hapa."

"Mimi ndiye niliyepiga lile povu, Winfield. Mimi. Toa mkono wako."

Strand aliushikilia. Pruitt akamkumbatia kiunoni, jinsi mtu anavyohamisha kabati, akamweka pembeni. Komeo likatoka. Sufu ilikuwa imeubana mlango hata tukauvuta sote wawili, mimi nikiwa nimeweka mguu ukutani, na ulipoachia ukatutupa nyuma.

Joto lililotoka lilikuwa la tanuri. Nilimwambia Pruitt abane pumzi. Noemí alikuwa amelala kifudifudi chini ya kasha, mkono mmoja umeinuliwa ukutani, vidole vikigusa mbao. Pruitt alipita juu yake, akaingiza mikono chini ya kwapa zake kutoka nyuma, na tukamburuta kwenye sebule, tukamtoa nje, tukamlaza kwenye theluji kwa kuwa hapakuwa na pengine. Midomo yake ilikuwa na rangi ya kijivu. Alipumua, akatapika, akapumua tena. Niliporudi kufunga gesi nilimkuta Strand ameketi kwenye benchi, mlango wazi mbele yake, anatazama ndani ya kile chumba ambacho sasa kilikuwa chumba tu: godoro, ndoo, hita. Nilimvuta kwa kola. Alinifuata bila kubisha.

Gari la zimamoto la watu wa kujitolea lilifika, wakampa Noemí oksijeni, na wakamkimbiza hospitali mjini.

Nilimkuta kesho yake mchana ana mrija puani na macho mekundu. Alinitazama nilipokuwa navuta kiti, hakunisalimu.

"Ulifungua."

"Pruitt alifungua. Mimi nilimfanya afungue."

"Uliniahidi, Mwalimu."

"Ndiyo."

Hatukusema zaidi kwa sababu Strand aliingia. Alikuwa amenyoa, amevaa koti zuri, ameleta machungwa kwenye mfuko wa karatasi. Alimbusu Noemí kwenye paji la uso. Alimwambia kwamba anasikitika, na nadhani alisikitika. Kisha akavuta kiti upande wa pili wa kitanda.

"Noemí, binti yangu, nimefikiri usiku kucha. Kanuni inabatilisha kuketi. Haibatilishi ulichoshuhudia kabla ya mlango kufunguliwa. Nahitaji jibu moja tu. Ulisikia Kengele?"

"Mkuu," nilisema, "ilikuwa gesi."

"Sikatai kuwa ilikuwa gesi. Unanidhania mjinga? Nimefundisha fizikia." Alizungumza nami bila hasira. "Lakini anayefunga chakula, damu yake hubadilika. Anayekesha, damu yake hubadilika. Hakuna anayesema njaa ndiyo iliyomdanganya. Unataka kuniambia ni damu ya aina moja tu inayoona kweli, damu ya mtu aliyekula maharage?"

Ni hoja nzuri. Nimeifikiria mara nyingi tangu siku hiyo, na sina jibu kamili. Nilikuwa na jibu dogo.

"Anayefunga akizidiwa anaweza kula. Huyu alikuwa na mlango, na hakuweza tena kutaka kuugonga."

"Tutashusha hita kidogo. Pruitt atatoboa tundu dogo. Mwanafunzi kutoka Santa Fe ameshafungasha, anakuja wiki ijayo." Akamgeukia Noemí. "Ulisikia?"

Noemí alikuwa anatazama dari.

"Nilisikia," alisema.

Strand alishusha pumzi.

"Ililiaje?" nilimwuliza.

"Nne. Halafu kimya. Halafu nne." Akanigeukia. Machozi yalikuwa yanateremka kuelekea masikioni, lakini sauti haikutetemeka. "Haikuwa ya kichwani, Mwalimu. Kulikuwa na ya kichwani kabla yake, ya mbali, nilijua ile ni masikio yangu, sikuiamini. Hii ilikuwa ndani ya chumba. Ilikuwa na mahali. Nilitambaa hadi nikaifikia. Na wewe uliisikia. Ulikuwa upande wa pili, uliisikia pia, si kweli?"

"Niliisikia."

"Na Mzee Pruitt? Na Mkuu?"

"Sote."

"Basi," alisema, na akafumba macho. "Basi ilikuwepo."

Ningeweza kunyamaza hapo. Angekuwa na Kengele yake, na baada ya miaka saba sikuona kama alikuwa ameomba mengi. Lakini kulikuwa na mtu Santa Fe aliyeshafungasha. Nilifungua mkoba wangu, nikatoa king'ora, nikakiweka juu ya blanketi.

"Ilikuwepo. Ni hiki. Mimi ndiye niliyekiingiza kwenye kasha la chakula."

Alikitazama bila kukigusa. Strand alisema, "Leonie, huu ni ukatili."

"Kibonyeze," alisema Noemí.

"Hapa?"

"Nataka kukisikia. Kibonyeze."

Nilibonyeza kitufe cha kujaribia. Kililia mara nne, kikanyamaza, kikalia mara nne. Muuguzi alifungua mlango kwa bega.

"Nini tena huku? Nani anavuta sigara?"

"Hakuna, dada. Tunajaribu kifaa."

"Mnajaribu kifaa, wodini! Kuna watu wana magonjwa ya moyo hapa." Akaondoka akiuacha mlango wazi.

"Tena," alisema Noemí.

Nilibonyeza tena. Alisikiliza akiwa amefumba macho, kichwa kimeinama upande, kama nilivyowafundisha wanafunzi wangu kuisikiliza hoja kabla ya kuijibu. Strand aliegemea mbele, mfuko wa machungwa ukimkwaruza magotini.

"Nililia kwa furaha," alisema Noemí mwishowe. "Kule ndani. Kwa hiki."

"Haijalishi ni nini kilichoileta," Strand alianza, "ukiisikia kwa moyo ule..."

"Mkuu, hebu niulize tena. Vile inavyotakiwa."

Strand alikaa wima. Hiyo ni desturi yetu: swali huulizwa kwa maneno yaleyale, na jibu la aliyeketi halihojiwi na mtu yeyote, hata Mkuu.

"Noemí Archuleta, uliyeketi Gizani, ulisikia Kengele?"

"Sikusikia," alisema. "Nilisikia king'ora cha gesi, na masikio yangu. Na aliyesimama nyuma yangu alikuwa Pruitt, ananuka pilipili. Mwambie huyo wa Santa Fe afungue mizigo yake."

Kisha akaomba chungwa, na kwa kuwa mikono yake ilikuwa bado haina nguvu, Strand akaanza kulimenya.